Kamba ya Baba: Lubumbashi hadi Dar es Salaam

Usiku wa kuamkia safari Baba alinipa kamba. Ni kamba nyembamba ya katani yenye mafundo mawili, na kati ya fundo na fundo ni milimita 1,067, yaani futi 3 na inchi 6, upana wa njia ya reli yetu. Alifanya kazi ya reli hapa Lubumbashi miaka mingi, akikagua njia kwa miguu, na kamba hiyo ilikaa mfukoni mwake kwa siku ambazo kipimo cha chuma kilibaki bohari.

"Ukifika Kapiri Mposhi," akaniambia, "iweke juu ya reli ya kwenda Dar. Halafu uniambie kama imeshika."

Nilikuwa nakwenda Temeke, Dar es Salaam, kwa yaya wangu, yaani dada yangu mkubwa, anamwoza binti yake. Send-off Jumamosi, harusi Jumamosi inayofuata. Treni ya TAZARA, reli ya Tanzania na Zambia, ilikuwa iondoke Kapiri Mposhi, Zambia, Jumanne jioni. Nikaondoka Jumatatu kabla ya jogoo kuwika, nikiamini siku mbili zinatosha kabisa, maana kutoka kwetu hadi Kasumbalesa, mpakani, ni karibu kilomita 90 tu, na baada ya hapo ni lami ya Copperbelt, mkoa wa shaba wa Zambia.

Safari hii ingeweza kuanzia kwenye stesheni yetu wenyewe. Reli ndiyo iliyouzaa mji huu. Ilifika kutoka kusini mwaka 1910, ikapitia Sakania, na mpaka leo iko palepale: Lubumbashi, Sakania, Ndola, Kapiri Mposhi. Shaba hupita juu yake. Abiria anayetaka kuvuka mpaka hupanda basi, tena kwa njia nyingine kabisa, ya Kasumbalesa.

Malori tulianza kuyaona mapema, kilomita kadhaa kabla ya mpaka. Nilijaribu kuyahesabu, nikafika 200 nikaacha. Mengine yamebeba shaba, mabamba mapana yaliyofungwa minyororo, yanang'aa jua linapoyapiga. Yanayoingia yamebeba mafuta, salfa na unga wa bukari tunaokula. Foleni ikisogea urefu wa lori moja, injini zote zinawashwa kwa pamoja, moshi mweusi unashuka juu ya vibanda vya wauza mihogo, kisha zinazimwa tena. Chini ya trela moja dereva alikuwa anapika maharage kwenye jiko la mkaa, kamba ya nguo imefungwa kutoka kwenye kioo cha pembeni hadi kwenye mti. Kwa Kiswahili chake nikajua ni wa Mbeya.

"Dada, leo siku ya nne," akasema. "Nimeshawajua hadi mbwa wa hapa."

Nikamuuliza amebeba tani ngapi. Kama 30, akasema. Nikafanya hesabu nikiwa nimesimama pale na mkoba begani: treni ya mabehewa 20, kila behewa tani 40, ni malori kama 27 yaliyoondoka barabarani kwa mara moja, na madereva 27 waliolala nyumbani kwao. Mtoto aliyekuwa anauza maji katikati ya malori alikuwa anakohoa. Nilinunua chupa mbili.

Upande wetu nilisimama dirisha la kwanza, nikatumwa la pili, nikarudishwa la kwanza kwa ajili ya muhuri ambao wa pili alisema lazima utangulie. Kadi ya chanjo. Begi likafunguliwa. Nikatembea na mizigo hadi upande wa Zambia, foleni ikaanza upya, maswali yaleyale, begi lilelile. Kuna akina mama pale wanaovuka kila wiki na mabeseni kichwani, na wanayapitia haya kila wiki. Nilipotoka, magari yalikuwa yamehamia mkono wa kushoto wa barabara na jua lilikuwa linazama. Nikalala Chililabombwe.

Jumanne basi likapata pancha kabla ya Ndola. Nilifika Kapiri Mposhi saa kumi na moja na nusu jioni. Treni ilikuwa imeondoka saa kumi. Inayofuata ni Ijumaa.

Nilikaa chini kwenye ngazi za stesheni nikampigia yaya. Hakunilaumu. Alisema tu, "Basi send-off hutaiona," na nikasikia jinsi alivyomeza mate.

Abiria mmoja aliniambia nipande basi la Nakonde, mpakani na Tanzania, usiku uleule, ndivyo wanavyofanya wote. Ni kweli, na ndivyo barabara inavyozidi kujaa. Lakini nilikuwa na kamba ya Baba mfukoni, na pesa za basi la usiku pamoja na teksi za mpakani zingekula zawadi ya bibi harusi. Nikatafuta chumba, nikasubiri siku tatu.

Kapiri Mposhi ina stesheni mbili. Moja ni ya reli ya zamani, ile inayotoka kwetu na kushuka Lusaka. Nyingine ni New Kapiri Mposhi, jengo refu lenye ukumbi mpana, mwisho wa reli ya kilomita 1,860 iliyojengwa kati ya 1970 na 1975 kwa mkopo wa China, Nyerere na Kaunda walipotaka shaba ya Zambia ipate bahari bila kupitia kwa makaburu. Mwenye mizigo anatoka stesheni moja kwenda nyingine kwa teksi. Nilitembea mwenyewe asubuhi ya Jumatano, kama nusu saa, kwenye vumbi la mwezi wa saba na baridi yake.

Alhamisi nilimwomba mlinzi ruhusa, nikamweleza habari za Baba. Alicheka, akanisindikiza hadi kwenye njia. Nikapiga magoti. Chuma kilikuwa baridi. Fundo la kwanza nikalibana kwa kidole kwenye ukingo wa ndani wa reli ya kushoto, nikavuta kamba, na fundo la pili likagusa ukingo wa ndani wa reli ya kulia. Halikupungua, halikuzidi. Mlinzi akainama kutazama, akataka kujaribu na yeye. Tulipima mara tatu, watu wazima wawili, tukitabasamu.

Ijumaa niliipata treni. Daraja la pili, vitanda sita, sisi akina mama watano na mtoto mmoja. Usiku ulipita kwa stori za bei za Kariakoo.

Ninachotaka kukisema hasa ni cha kesho yake, Nakonde na Tunduma. Treni ilisimama mpakani nami nikaanza kukusanya mizigo kwa mazoea ya Kasumbalesa. Mama mmoja wa Mbeya akanishika mkono: "Kaa, mwanangu. Wanakuja wenyewe." Na kweli walikuja. Afisa uhamiaji alipita kwenye korido, akasimama mlangoni petu, akasalimia, akatazama pasipoti moja moja na kuzigonga juu ya ubao aliobeba. Baadaye akaja mwenzake wa upande wa pili. Nyuma yao walipita vijana wa kubadilisha pesa, kwacha kwa shilingi. Mtoto hakuamka. Mabegi yetu hayakuguswa chini ya vitanda.

Nililia kidogo, sitaficha. Nilikuwa nimeambiwa maisha yangu yote kwamba mpaka ni lazima uwe hivyo, kwamba ni wingi wa watu, ni usalama. Kumbe afisa anaweza kupanda treni. Congo tumo SADC, tumo COMESA, na tangu 2022 tumo Jumuiya ya Afrika Mashariki pamoja na Tanzania. Reli ya Sakania ipo, upana wake ni uleule. Kinachokosekana ni behewa la abiria, maafisa wawili wenye ubao wa kugongea, na ratiba iliyoandikwa na watu waliokaa meza moja ili treni ya Lubumbashi ifike Kapiri kabla ile ya Dar haijaondoka. Siku hizi kila redio inazungumzia ukanda wa Lobito, shaba itafikaje Angola, na reli ya TAZARA itafufuliwaje. Nazifurahia habari hizo. Nasubiri tu nisikie neno abiria likitajwa.

Makambako, mahandaki, Mlimba, joto likaanza. Jumapili tulifika Dar. Yaya alikuwa stesheni na kanga mpya ya send-off mkononi, aliniwekea yangu.

Jioni nikampigia Baba. Hakuuliza kuhusu bibi harusi kwanza.

"Imeshika?"

"Imeshika, Baba. Mlinzi wa stesheni ni shahidi."

"Na pale Sakania, njia ikoje? Walibadilisha mataruma?"

"Sikupita Sakania, Baba. Nilipita Kasumbalesa, na basi."

"Ah, basi," akasema. "Kamba uirudishe. Usiipoteze huko."