Mita sitini, siku tisini

Hapa Mwanza, nyumba iliyo ndani ya hifadhi, yaani ukanda uliotengwa kando ya barabara, reli au ziwa, inaweza kuamriwa ibomolewe. Kwenye barabara, rangi ya X inayochorwa ukutani ina maana. Ya kijani: barabara imekufuata, utalipwa. Nyekundu: wewe ndiye uliyeifuata barabara. Kipimo cha hifadhi ya barabara kinajulikana, mita 30 kila upande kutoka katikati ya barabara kuu au ya mkoa. Kabla ya Sheria ya Barabara ya 2007 zilikuwa 22.5, kwa hiyo aliyekuwa tayari ndani ya zile 7.5 zilizoongezeka anadai fidia. Reli ina mita 15 kila upande mjini, 30 nje ya mji.

Ziwani ndiko kwenye utata. Kifungu cha 57 cha Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 kinazuia shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa ziwa. Sasa ukingo upi? Mwaka 2020 Ziwa Victoria lilijaa likaingia majumbani, na 2024 likajaa tena. Ukuta uliokuwa mita 70 kutoka majini wakati wa kiangazi unaweza kusomeka 50 maji yakipanda, bila mtu kusogeza tofali. Ripoti ya upimaji isiyotaja tarehe na mahali maji yalipokuwa siku hiyo ina tundu ambalo wakili wa upande wa pili atapita nalo.

Halafu kuna kosa la simu. Ramani nyingi za zamani za upimaji zimechorwa kwa mfumo wa zamani wa kutaja mahali kwa namba, Arc 1960, wakati simu inasoma mfumo mwingine, WGS84. Ukichukua namba za simu ukazipachika kwenye ramani hiyo bila kuzibadilisha, nyumba inahama karibu mita 300. Kwa kiwanja cha kando ya ziwa, Luchelele au Igombe, hizo zinatosha kukupeleka katikati ya maji, au kukutoa hifadhini kwa uongo. Mpima mwenye leseni huanza kwa kutafuta bikoni (alama za mipaka zilizosimikwa ardhini) za awali na kufunga vipimo vyake hapo. Anayekuja na simu peke yake mrudishie nauli yake.

Kuhusu karatasi: hati ya mauziano yenye muhuri wa serikali ya mtaa inaonyesha kwamba fedha zilipokelewa mbele ya mashahidi. Haionyeshi kwamba muuzaji alikuwa na cha kuuza. Mwenyekiti wa mtaa hagawi hifadhi. Vinavyotakiwa ni vitatu: upekuzi kwa Msajili wa Hati, mchoro wa mipango miji, na ramani ya upimaji iliyoidhinishwa. Vilinganishe kimoja kimoja, maana mchoro unaweza kusema eneo la wazi huku upimaji wa baadaye ukionyesha kiwanja chenye namba. Mwenye hati hatolewi kwa greda. Hati inafutwa kwa utaratibu wa Sheria ya Ardhi, kwa taarifa na nafasi ya kujieleza. Ila hati hiyo haiondoi zuio la mita 60.

"Nimekaa hapa miaka 25" ni hoja nzuri kwa jirani, ambaye ana miaka 12 tu ya kudai ardhi yake mahakamani. Kwa Serikali haifiki popote: kifungu cha 43 cha Sheria ya Ukomo wa Muda kinaitoa nje Serikali inapodai kurudishiwa ardhi ya umma. Mwenye haki ya kimila ya tangu zamani yuko pazuri zaidi. Mahakama ya Rufani ilishasema mwaka 1994, katika shauri la Akonaay, kwamba haki hiyo ni mali inayolindwa na Katiba. Huyo aulize fidia badala ya kuhesabu miaka.

Kesi nyingi lakini hazifiki hata kwenye ramani. Zinafia mlangoni. Unayemshtaki akiwa wizara, wakala wa Serikali au halmashauri, Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya si mahali pake, hata kama kibanda kina thamani ya milioni mbili. Ni Mahakama Kuu, na kwa huku ni masjala ya Mwanza. Kabla ya hapo unatoa notisi ya siku 90 inayoeleza madai, nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali na kwa Wakili Mkuu wa Serikali. Mwanasheria Mkuu lazima aunganishwe kama mdaiwa. Tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2020, halmashauri nazo zimo humo, na hapo ndipo wengi wanaposhtaki manispaa peke yake na shauri linatupwa.

Siku 90 ni nyingi kwa mtu aliyepewa siku 14 kubomoa. Ndiyo maana kuna maombi ya zuio la Mareva, yaani zuio la muda kabla ya kesi kufunguliwa: yanafunguliwa Mahakama Kuu wakati notisi ikiendelea, kuomba hali ibaki ilivyo. Ambatisha nakala ya notisi yenye muhuri wa kupokelewa kwa kila ofisi. Asiyekuwa na muhuri hapati zuio kirahisi.

Mwisho, hati ya madai. Andika namba ya kiwanja na kitalu. Kama hakijapimwa, taja majirani wa pande zote nne, ukubwa, na alama zisizohama. Milimani kwetu mawe yapo ya kutosha. "Eneo lililopo Igogo" halitambuliki, na tuzo (amri ya mahakama baada ya hukumu) isiyotambulisha eneo dalali wa mahakama hawezi kuitekeleza.