Nilivyobaki na wateja arobaini na mmoja

Kila namba iliyokuwa kwenye simu yangu niliitumia bei ya achari yangu ya embe: wateja, majirani, fundi bomba, wazazi wa shuleni kwa watoto. Ijumaa moja nikatuma saa kumi na moja alfajiri ili niwawahi. Mama mmoja wa Chumbageni akanipigia papo hapo. "Mwanangu, simu yangu ikilia saa hizi mimi najua msiba. Kumbe embe!" Akakata.

Nilikuwa nimeanza kumsoma Seth Godin, mwandishi wa Kimarekani wa vitabu vya kutangaza biashara, aliyesomea kompyuta na falsafa Chuo Kikuu cha Tufts. Mwaka 1986 aliacha ajira kwenye kampuni ya programu, akawa anaandaa vitabu na kuwauzia wachapishaji. Mwaka 1995 akaanzisha Yoyodyne: watu walishiriki mashindano kwa barua pepe, na kwa hiari yao wakakubali kuletewa matangazo. Yahoo waliinunua 1998 kwa takriban dola milioni 30. Mwaka uliofuata akatoa kitabu kuhusu kumwomba mteja ruhusa kabla ya kumtangazia. Nilisoma nikaona aibu. Hodi si tunafundishwa tungali watoto? Mimi nilikuwa naingia hadi chumbani kwa watu.

Nikatuma ujumbe wa mwisho kwa wote 340: "Nikipika achari mpya, nikuarifu? Kama ndiyo, nijibu na uhifadhi namba yangu." Hilo la kuhifadhi ni la lazima, maana WhatsApp ukituma ujumbe mmoja kwa orodha ya watu kwa mpigo, asiye na namba yako kwenye simu yake haupati. Yaani muda wote ule nilidhani natangazia mji mzima.

Walioitikia ni 41. Nikanyong'onyea. Mke wangu akaniambia, "Basi pika ya watu arobaini na mmoja."

Godin huyo huyo mwaka 2003 aliandika habari za ng'ombe wa zambarau. Alikuwa akisafiri kwa gari Ufaransa na familia yake. Ng'ombe wa malishoni waliwapendeza, halafu baada ya muda wakawachosha. Wa zambarau angewashtua: yaani bidhaa yenyewe iwe ya kushangaza. Nakala za kwanza za kitabu hicho aliziuza ndani ya pakiti za maziwa. Mimi, kwa ujinga wangu, nikabandika lebo za zambarau kwenye chupa. Hakuna aliyeuliza hata kwa nini.

Mwezi uliofuata nikaachana na embe, ambayo Tanga nzima inapika. Nikachuma mbirimbi, vile vitunda vichachu, za uani kwa shangazi, nikazianika siku mbili mpaka zikanywea, nikazitia pilipili mbuzi na bizari. Nikatuma ujumbe mmoja, saa nne asubuhi, pamoja na picha ya ungo ukiwa juani. Chupa 24 ziliisha kabla ya magharibi, na watu sita wakaomba jamaa zao waingizwe kwenye orodha.

Yule mama wa Chumbageni hakujibu. Sijamtumia tena.