Mifuniko, mabakuli na mota ndogo: nilivyosimika kazi ya sauti isiyo na spika

Kazi hii ya sanaa ya sauti ina vyombo 20: mifuniko 9 ya sufuria, mabakuli 5 ya stenlesi na vipande 6 vya bomba la alumini. Kila kimoja kina mota yake inayokigonga. Hakuna spika wala rekodi. Anayeingia ukumbini anapita katikati ya vyombo na kusikia chuma chenyewe.

Nilianza kwa kushughulika na mota, na hapo nilikosea. Jambo la kwanza ni namna ya kukishika chombo. Chombo kikigongwa hutikisika karibu chote, ila pana mahali pachache panapotulia. Ukikishika panapotikisika, mlio unakufa. Mfuniko niliotoboa ukingoni na kuutundika ulitoa "ta!" ukanyamaza. Mfuniko huohuo, ulipofungwa kwenye kishikio chake cha katikati, ulivuma sekunde kadhaa. Bakuli nalo hutulia kitakoni, kwa hiyo nililiweka juu ya kipande cha sponji cha upana wa sentimita 3, mdomo wake usiguse kitu. Bomba lina sehemu mbili tulivu, kila moja ikiwa asilimia 22.4 ya urefu wake kutoka kwenye ncha: bomba la sentimita 50 hushikwa sentimita 11.2 kutoka kila upande. Usilitoboe. Lizungushie uzi wa nailoni, usogeze milimita moja moja huku ukigonga. Ukifika penyewe, mlio hurefuka ghafla, na hapo sikio halikosei.

Mfuniko ukitundikwa kwa uzi mmoja hubembea na kujizungusha, kisha pigo linalofuata linakosa. Nyuzi mbili zilizotanuka kwa juu kama herufi V ziliutuliza.

Mota ni za volti 12, zenye giaboksi (gia za kupunguza mwendo), mizunguko 30 kwa dakika. Niliziendesha kwa volti 6. Mwendo ulishuka hadi karibu mizunguko 15, yaani pigo moja kila sekunde 4 hivi, na kelele za gia zikapungua sana. Kwenye ekseli nilifunga waya wa chuma wa milimita 0.8, urefu sentimita 12, na ncha yake nikaivika ushanga wa mbao. Ushanga uupite ukingo wa chombo kwa milimita 2 tu. Ukizidi, unaburuza juu ya chombo baada ya kugonga na kuunyonga mlio uliokwisha kuutoa. Ukipungua, mtu akipita na kutikisa hewa tu, pigo linakosa.

Mota isikae kwenye ubao mmoja na chombo, maana ubao hugeuka kuwa ngoma ya kukuza kelele za gia. Nilizifunga kwenye nguzo za pembeni kwa kamba za plastiki za kufungia nyaya, chini yake tabaka mbili za tyubu ya baiskeli. Gundi ya moto haifai hapa, mtikisiko huibandua.

Upande wa umeme, mota moja ilikula miliampea 40 ikizunguka, lakini 300 ikikwama, na wakati wa kuwaka hukaribia kiasi hichohicho. Zote 20 zikiwashwa pamoja zinataka ampea 6 kwa kitambo kifupi, ingawa baadaye hutumia 0.8 tu. Adapta yangu ya ampea 3 ilizima kila nilipoiwasha. Sikununua kubwa zaidi. Niliweka swichi nne za kuwashwa moja baada ya nyingine, mota tano kila moja, na kila mota nikaipa fyuzi yake. Waya mrefu nao huiba nguvu: jozi ya mita 10 ya milimita mraba 0.5 ilipoteza zaidi ya nusu volti, na kati ya volti 6 hiyo si haba. Mota za mwisho zilichechemea mpaka nilipoweka waya wa milimita mraba 1.5.

Kidhibiti cha kielektroniki nilikiondoa. Mota za aina moja hazizunguki sawasawa kabisa, kwa hiyo mapigo huachana, hukutana, huachana tena bila programu yoyote. Zimoun, msanii wa Uswisi, amejenga kazi nyingi juu ya tabia hii kwa mota ndogo na maboksi ya karatasi, na nadhani ana haki ya kuziacha zijiendee.

Kitu cha kuangalia kila asubuhi ni nailoni. Hurefuka siku za mwanzo, mfuniko ukashuka milimita 3 au 4, na zile milimita 2 za ushanga kuupita ukingo zikapotea. Tumia fundo linaloteleza, upandishe bila kukata uzi.