Siku moja na darasa la sita, Moshi

Saa 12 asubuhi. Nipo Majengo nasubiri hiace. Mlima Kilimanjaro umejifunua wote, na upande wa magharibi Meru nayo inaonekana. Swali la leo nimeshalipata kabla sijapanda gari.

Saa 1:30. Mstarini, usafi, kengele. Hakuna la kusimulia.

Saa 2:40. Naandika ubaoni: Neema na Baraka wana jumla ya shilingi 5,000. Neema anamzidi Baraka shilingi 1,200. Kila mmoja ana ngapi?

Mikono inapanda upesi mno, jambo ambalo huwa silipendi. Kijana wa dawati la nyuma anasema Neema 3,700, Baraka 1,300. Amegawa nusu kwa nusu, akamwongezea Neema 1,200, akampunguzia Baraka 1,200. Ukijumlisha unapata 5,000, basi yeye ameridhika. Namwambia atafute tofauti. Inatoka 2,400.

Jibu lake silifuti, maana ndilo somo lenyewe. Naita wawili mbele, kila mmoja na vizibo vitano vya soda. Mmoja ampe mwenzake viwili. Wamezidiana vingapi? "Vinne, mwalimu!" Vimetoka huku vikaingia kule, pengo limekua mara mbili. Kwa hiyo ili pengo liwe 1,200, zinazohama ni 600 tu: 3,100 na 1,900.

Wasioelewa vizibo nawachorea. Mstari mfupi wa Baraka, chini yake mrefu wa Neema, kipande kilichozidi nakipaka chaki nyekundu. Kikate hicho kwanza: 5,000 toa 1,200, zinabaki 3,800. Sasa gawa kwa 2, umempata Baraka. Ile kanuni ya kujumlisha jumla na tofauti kisha kugawa kwa 2 wataijua tu, lakini anayeikariri kabla ya kuchora huwa hajui kama alichopata ni cha Neema au cha Baraka.

Saa 4:30. Chai na mihogo ofisini. Mwenzangu wa darasa la saba ananitania: "Mwalimu, achana na vizibo, wape n wamalize." Sibishi. Diophantus wa Aleksandria, mwanahesabu wa kale, naye alianza kitabu chake, Arithmetica, na swali la aina hii: igawe 100 katika namba mbili zinazotofautiana kwa 40. Namba ndogo akaiacha kama isiyojulikana, kubwa ikawa hiyo jumlisha 40. Zikatoka 30 na 70. Hiyo n ni ule mstari mfupi wa Baraka, tumeupa herufi tu.

Saa 6. Kipindi cha pili, naleta milima: jumla ya urefu wa Kilimanjaro na Meru ni mita 10,457, tofauti 1,333. Wengi wanafika 5,895 na 4,562 bila msaada. Nawaambia watunge ya kwao. Binti mmoja anaandika: mimi na babu tuna mbuzi 25, babu ananizidi 8. Jirani yake anakokotoa: 16 na nusu! Darasa linacheka. "Ile nusu iko buchani, mwalimu." Natumia kicheko hicho kuwaonyesha kwamba mbuzi wakitakiwa wazima, jumla na tofauti ziwe shufwa zote au witiri zote.

Saa 2 usiku. Nasahihisha madaftari. Vizibo vimefanya kazi, ila wachache wamesoma "anamzidi 3" wakafanya "mara 3". Kesho naanza na hilo: Asha ana maembe mara 3 ya Juma, jumla 48.