Pete bila suruali ya dhahabu: Ohio State, msimu wa 2024

Kuna matokeo mawili ambayo kila nikiyaweka karibu hayakubali kukaa kimya. Tarehe 30 Novemba 2024, mjini Columbus, nyumbani kwa Ohio State: Michigan 13, Ohio State 10. Tarehe 20 Januari 2025, mjini Atlanta: Ohio State 34, Notre Dame 23. Katikati ni siku 51. Kikosi ni kilekile, kocha ni yuleyule, Ryan Day. Mwisho wa Novemba mashabiki walitaka afukuzwe, na Januari akainua kombe la taifa la futiboli ya Kimarekani kwa vyuo vikuu.

Watu wengi husimulia hadithi hii kama ya moyo: walidhalilishwa, wakakasirika, wakashinda. Moyo ulikuwepo, sikatai. Lakini ukitazama mchezo baada ya mchezo unaona jambo la ufundi zaidi, na kwangu ndilo lenye utamu. Tatizo lilikuwa moja na linaonekana kwa macho. Dawa yake nayo inaonekana kwa macho.

Kwa asiyeujua mchezo huu: timu yenye mpira ina majaribio manne ya kusogea yadi 10. Ikifanikiwa inapata manne mengine. Inaweza kukimbia na mpira au kuutupa mbele. Mbele ya kwotabeki, yaani mtupaji na mwongozaji, wanasimama wanaume watano wakubwa wasioshika mpira kabisa isipokuwa yule wa katikati, sentaa, anayeuanzisha kwa kuurusha nyuma kati ya miguu yake. Hao watano ni ukuta. Ukuta ukiyumba, hata uwe na mkimbiaji wa dhahabu hafiki popote. Msimu wa Ohio State ulizunguka hapo.

Walianza wakiwa kamili. Will Howard, kwotabeki, alitoka Kansas State. Quinshon Judkins, mkimbiaji, alitoka Ole Miss. Kutoka Alabama walikuja wawili: Caleb Downs wa ulinzi wa nyuma na sentaa Seth McLaughlin. Jeremiah Smith, mpokeaji wa mwaka wa kwanza, alikuwa anadaka mipira ambayo wakubwa zake wangeiacha ipite. Juu ya hao, kundi zima la wanafunzi walioingia mwaka 2021 liliahirisha kwenda ligi ya kulipwa, NFL: Jack Sawyer, JT Tuimoloau, Emeka Egbuka, TreVeyon Henderson, Denzel Burke, Donovan Jackson. Walibaki kwa sababu mbili zilizojulikana na kila mtu mjini: hawakuwa na kombe, na hawakuwahi kuifunga Michigan.

Oktoba 12 wakaenda Oregon na kupoteza 32-31. Mchezo ule unakumbukwa kwa ile hila ya mwisho, Oregon walipoingiza mlinzi wa kumi na mbili uwanjani. Adhabu ilikuwa yadi 5 tu, lakini sekunde 4 zilikuwa zimeshaliwa na Ohio State haikurudishiwa. Siku chache baadaye tafsiri ya kanuni ikabadilishwa ili muda urudishwe. Mimi naona hasara kubwa ya siku ile haikuwa sekunde nne. Josh Simmons, mlinzi wa pembe ya kushoto ya ukuta, aliumia goti na msimu wake ukaishia pale. Huyo ndiye anayelinda mgongo wa kwotabeki anayetupa kwa mkono wa kulia. Asipokuwepo, kwotabeki anapigwa na mtu asiyemwona.

Mchezo uliofuata, dhidi ya Nebraska nyumbani, walishinda 21-17 kwa jasho. Pengo la Simmons lilionekana kila walipotaka kutupa mbali. Benchi likachukua uamuzi mgumu: Donovan Jackson, aliyezoea kucheza ndani zaidi, akahamishiwa pembeni, na Carson Hinzman akaingia nafasi yake. Kwa mtu wa nje hizo ni hatua mbili tu kwenda kushoto. Kwa mchezaji ni kazi nyingine kabisa. Ndani unapigana na mtu mzito kwenye nafasi finyu, ukisaidiwa kulia na kushoto. Pembeni uko peke yako, unarudi nyuma kwa miguu myepesi huku mtu mwenye mbio anakuzunguka. Jackson alijifunza kazi hiyo katikati ya msimu, na mchezo wake wa kwanza pale ulikuwa Penn State, ugenini.

Penn State ndipo ninapoona mzizi wa kilichotokea Novemba mwishoni, ingawa walishinda 20-13. Robo ya mwisho Penn State walifika yadi 3 kutoka mstari wa goli wakiwa na majaribio yote manne. Ulinzi ukakataa yote manne. Zilibaki dakika tano na ushee. Ohio State wakachukua mpira na kukimbia nao mara 11 mfululizo, katikati ya ukuta, bila kutupa hata mara moja, mpaka saa ikaisha. Nadhani dakika zile ziliwalewesha. Kwa muda mrefu waliambiwa kuwa ni timu laini, inayotupa mipira mizuri lakini haiwezi kusukumana. Sasa walikuwa na ushahidi kwamba wanaweza.

Halafu, wiki ya mchezo wa Indiana, sentaa McLaughlin akakatika mshipa wa kisigino mazoezini. Hinzman akasogezwa tena, safari hii katikati, na wengine wakapokezana nafasi aliyoiacha. Indiana walifungwa 38-15 na wengi wakadhani jambo limekwisha. Lakini ukuta uliokuwa unakwenda kukutana na Michigan ulikuwa umebadilishwa sehemu tatu kati ya tano tangu Septemba.

Hapa lazima niseme neno kuhusu hawa watani wa jadi, maana bila hilo huwezi kuelewa kwa nini akili ziliganda. Kabla ya mpira kulikuwa na ardhi: miaka ya 1835 na 1836 Ohio na Michigan waligombania ukanda wa Toledo kiasi cha kuita wanamgambo. Ohio ikapata Toledo, na Michigan ikapewa rasi ya juu. Mchezo wa kwanza ulikuwa 1897, Michigan wakashinda 34-0. Tangu 1935 ndio unaofunga msimu wa kawaida. Kati ya 1969 na 1978 makocha Woody Hayes wa Ohio State na Bo Schembechler wa Michigan, aliyewahi kuwa msaidizi wake, walipambana mara kumi: Bo alishinda tano, Woody nne, sare moja. Columbus watu wengi hawalitaji jina la Michigan, husema "ile timu ya kaskazini". Wiki ya mchezo, herufi M kwenye mabango ya chuo huzibwa kwa utepe mwekundu wa umbo la X.

Na kuna suruali. Mwaka 1934 kocha Francis Schmidt aliulizwa ataiwezaje Michigan, akajibu kwamba nao huvaa suruali mguu mmoja baada ya mwingine kama watu wengine. Wakashinda 34-0. Tangu hapo, kila mchezaji wa Ohio State anayeifunga Michigan hupewa kidani kidogo cha dhahabu chenye umbo la suruali. Hakinunuliwi. Kinapatikana kwa njia moja tu.

Michigan walikuja Columbus na ushindi 6 na vipigo 5. Mwaka uliotangulia walikuwa mabingwa, lakini kocha wao na kwotabeki wao walikuwa wameondoka, na nyota wao Will Johnson na Colston Loveland hawakucheza siku hiyo. Walikuwa na kitu kimoja kizuri sana: Mason Graham na Kenneth Grant, majabali mawili yaliyosimama katikati kabisa ya safu yao ya ulinzi. Wote wawili walichaguliwa raundi ya kwanza ya NFL miezi mitano baadaye.

Basi ukiwa na ukuta uliojeruhiwa katikati, na mpinzani ana majabali katikati, na wewe una Smith, Egbuka na Carnell Tate pembeni, unafanya nini? Ohio State walikimbilia katikati. Mara 26, yadi 77. Hiyo ni chini ya yadi tatu kila mara, na maana yake ni kwamba jaribio la tatu linakukuta bado uko mbali, mpinzani anajua utatupa, na kwotabeki anatupa chini ya shinikizo. Mipira miwili ya Howard ilinaswa na walinzi wa Michigan. Wa kwanza uliwapa Michigan mpira yadi 2 kutoka goli, na hiyo ndiyo tachidauni pekee waliyopata, yaani kuufikisha mpira nyuma ya mstari wa goli. Mateke mawili ya pointi tatu ya Jayden Fielding yalikosa, yote ya chini ya yadi 40. Kipindi chote cha pili Ohio State hawakupata pointi hata moja.

Michigan kwa upande wao walitupa kwa jumla ya yadi 62. Sitaki kuwapunguzia sifa: walijua wanachoweza na wasichoweza, wakashikilia hicho. Kalel Mullings alibeba mpira mpaka akavuka yadi 100, na mkimbio wake wa yadi 27 kwenye jaribio la tatu ndio uliofungua mlango. Dominic Zvada akapiga teke la yadi 21 zikibaki sekunde 45. Baadaye kukawa na bendera ya Michigan katikati ya uwanja, ngumi, na polisi kupuliza dawa ya pilipili. Hicho ndicho watu walichokirudia kutazama. Mimi hurudia mikimbio ile ya katikati, kwa sababu kosa lenyewe liko pale.

Kwa utaratibu wa zamani wa timu nne, msimu ungeishia hapo. Mwaka huo mtoano ulikuwa umepanuliwa kwa mara ya kwanza kuwa wa timu 12. Ohio State wakaingia namba 8, na kwa namba hiyo raundi ya kwanza wakacheza nyumbani dhidi ya Tennessee, Desemba 21, kwenye baridi kali na majukwaa yenye rangi ya chungwa ya Tennessee nyingi kuliko kawaida ya Columbus.

Walichobadilisha kinaonekana kwenye safari ya kwanza kabisa, yaani mara ya kwanza waliposhika mpira: Howard alimtupia Smith, yadi 37, tachidauni. Robo ya kwanza ikaisha 21-0. Mpira sasa ulikuwa unatoka mkononi mapema na kwenda mbali au pembeni, ulinzi ukalazimika kutawanyika, na ulipotawanyika ndipo wakimbiaji wakapata nafasi. Kukimbia hawakuacha. Waliacha kukimbia kwanza. Mpangaji wa mashambulizi Chip Kelly alikuwa na wachezaji walewale wa Novemba, na ukuta uleule wa viraka. Lakini ukuta wa viraka unaweza kumlinda kwotabeki kwa sekunde mbili na nusu, hata kama hauwezi kumsukuma jabali yadi nne nyuma. Tennessee 42-17.

Januari 1, robo fainali ya Rose Bowl, Oregon tena, timu iliyokuwa haijapoteza. Jaribio la tatu tu la mchezo: Smith, yadi 45. Ikafika 34-0 kabla ya mapumziko. Smith peke yake alimaliza na yadi 187. Ulinzi uliopangwa na Jim Knowles ulimwangusha kwotabeki Dillon Gabriel mara 8, wakati Oktoba alikuwa amewatupia yadi 341. Mchezo uliisha 41-21 na kwa kweli haukuwa karibu kiasi hicho.

Texas ndio waliosoma somo. Kwenye nusu fainali ya Januari 10 walimfungia Smith kwa walinzi wawili na akadaka mpira mmoja, yadi 3. Ikabidi njia nyingine: pasi fupi kwa Henderson nyuma ya ukuta, watu wa Texas wakiwa wamekimbilia mbele, naye akaenda yadi 75. Dakika za mwisho, Ohio State wakiongoza 21-14, Texas walifika yadi 1. Wakajaribu kwenda pembeni badala ya kusukuma katikati, wakapoteza yadi 7. Jaribio la nne, kutoka yadi 8, Sawyer akamfikia Quinn Ewers, mpira ukamtoka, Sawyer akauokota na kukimbia yadi 83. Mwaka 2021, Ewers alipokuwa bado Columbus, wawili hao walikaa chumba kimoja.

Fainali nitaipitia haraka, ingawa Notre Dame walistahili heshima kwa safari yao ya kwanza ya majaribio 18 iliyokula karibu dakika kumi. Howard alifikisha pasi zake 13 za kwanza zote. Ikawa 31-7, kisha 31-23 na matumbo yakaanza kukaza. Jaribio la tatu, yadi 11 zinahitajika, saa inakwenda. Timu ya Novemba ingekimbia katikati, ipige mpira mbali na kuomba ulinzi uokoe. Timu ya Januari ilitupa kwa Smith, mtu kwa mtu, yadi 56. Fielding, yuleyule aliyekosa mawili dhidi ya Michigan, akapiga teke lililofunga hesabu.

Pointi 145 katika michezo minne, dhidi ya timu bora kuliko ile Michigan. Hesabu hiyo huuma zaidi kuliko kufariji, kwa sababu inaonyesha kilichowezekana Novemba 30. Baada ya fainali Day alikuwa amepoteza michezo 10 tu tangu akabidhiwe timu, na minne kati ya hiyo ni kwa Michigan. Mashabiki bado hubishana kama kombe linalipa deni lile. Naona ni madaftari mawili tofauti, na Columbus wanayasoma yote mawili.

Novemba 29, 2025, Ohio State waliifunga Michigan 27-9 kwao, Ann Arbor. Wakati huo, kwenye NFL, Sawyer alikuwa Pittsburgh, Egbuka Tampa Bay, Henderson New England, Tuimoloau Indianapolis. Wote wana pete ya ubingwa wa taifa. Walicheza na Michigan miaka minne, 2021 hadi 2024, na hakuna hata mmoja wao mwenye suruali ya dhahabu.