Mikaël Kingsbury na vichuguu vya theluji

Katika mchezo wa kuteleza kwenye theluji, hakuna mtu aliyenivutia kama Mikaël Kingsbury, Mkanada wa Québec aliyezaliwa mwaka 1992. Fani yake ni kushuka mteremko mkali uliojaa matuta ya theluji yaliyokaribiana kama vichuguu, huku akipaa mara mbili angani kwa mitindo anayoichagua mwenyewe. Asiyeujua mchezo huu hudhani kwamba ushindi uko kwenye kupaa, kumbe asilimia 60 ya alama hutokana na namna mchezaji anavyokata kona, na mwendo na mitindo hugawana zilizobaki nusu kwa nusu. Ndiyo maana mimi humtazama magotini: yanapanda na kushuka kwa kasi ya cherehani, ilhali kifua kimetulia tuli.

Alipata medali ya fedha katika Olimpiki ya Sochi mwaka 2014, nyuma ya Mkanada mwenzake Alexandre Bilodeau, na dhahabu ikamjia Pyeongchang mwaka 2018. Lakini kwangu mimi, kipindi kikubwa zaidi ni kile kilichoanza Novemba 2020, alipoanguka mazoezini huko Ruka, Ufini, akavunjika pingili mbili za uti wa mgongo. Wengi wetu tungetundika daluga. Yeye alirudi mashindanoni Februari iliyofuata na kushinda, kisha mwezi Machi akatwaa dhahabu mbili za ubingwa wa dunia huko Almaty, Kazakhstan.