Kitambaa Kimekunywa

Mama alikuja kunitembelea Maryland mwezi wa Oktoba. Siku tatu mfululizo alikaa dirishani na khanga mbili mabegani, akisema baridi ya huku haina adabu. Siku ya nne nikamwambia, "Mama, vaa viatu, nikupeleke Washington ukaone picha."

Pale National Gallery of Art kiingilio ni bure. Nikampeleka jengo la mashariki, waliko wachoraji wa New York wa miaka ya 1940 na 1950, wale walioacha kuchora watu na nyumba wakaiachia rangi yenyewe iseme. Tulianza na Jackson Pollock, ile Number 1 ya mwaka 1950. Nikamweleza kuwa aliitandaza sakafuni bandani kwake Long Island, akaizunguka huku akidondosha rangi. Mama aliangalia kwa heshima tu. Kilichomgusa ni alama za viganja kwenye pembe za juu. "Huyu aliacha mikono yake," akasema, tukaendelea.

Mbele ya picha ya Helen Frankenthaler akasimama. Inaitwa Mountains and Sea, karibu mita tatu kwa upana, ina waridi, buluu na kijani zilizokaa kama mawingu. Akaisogelea mpaka mlinzi akakohoa.

"Mwanangu, hiki hakikupakwa. Kitambaa kimekunywa."

Mama amepiga batiki uani kwetu Tanga tangu sijaanza shule. Kitambaa kipya hukifua kwanza kitoke wanga, maana chenye wanga hakishiki rangi. Na kweli, Pollock rangi yake imekaa juu ya kitambaa, unaweza kuihesabu matone. Frankenthaler alijifunza kwake kulaza kitambaa chini, kisha akafanya la kwake: akazimua rangi ya mafuta kwa tapentaini hadi ikawa nyepesi kama chai, akaimimina kwenye kanvasi tupu, isiyopakwa chochote kabla. Ilikuwa Oktoba 1952. Alikuwa na miaka 23.

"Angalia hapa pembeni," mama akaninong'oneza. Kuzunguka waridi kulikuwa na utepe hafifu wa rangi ya udongo. "Mafuta yameikimbia rangi. Kama gazeti la bajia." Nilishasimama mbele ya picha hiyo mara tatu kabla ya siku ile, na utepe ule sikuwahi kuuona.

Tukakaa kwenye benchi nikamsimulia yaliyofuata. Aprili 1953 wachoraji wawili wa Washington, Morris Louis na Kenneth Noland, walikwenda New York wakaiona picha hii chumbani alikofanyia kazi. Waliporudi, wakaanza nao kuloweka rangi kwenye kitambaa. Louis alifanyia kazi katika chumba cha kulia chakula, nyumbani kwake, humu humu mjini. Kutoka hapo likazaliwa kundi zima la wachoraji wa rangi.

"Wanaume wazima walikuja kujifunza kwa binti?"

"Ndiyo, mama. Louis alisema binti huyu alikuwa daraja kati ya Pollock na yale yaliyowezekana."

"Vizuri," akasema. Kisha tena, "Vizuri sana."

Mimi neno hilo la daraja limenikaa vibaya tangu siku ile. Vitabu vingi hulirudia kama sifa, halafu vinavuka kwenda kwa wanaume wa ng'ambo. Mama hakuvuka. Alikaa na kitambaa karibu nusu saa.

Tulipoinuka uso wake ulikuwa na wasiwasi. "Mafuta yatakila," akasema. Nikamwambia ni kweli, mafuta huichosha kanvasi tupu, na baadaye Frankenthaler mwenyewe alihamia akriliki, rangi isiyo ya mafuta.

Akarudi kukitazama mara ya mwisho, safari hii kwa mbali, mikono nyuma, mlinzi asipate la kusema.

"Na jua? Linakifikia?"

Nikaangalia kuta zote. "Hakuna dirisha humu, mama."

"Haya," akasema, akajifunga khanga yake vizuri. "Twende."